Camille Hajaitwa

Mtu wa kwanza kumwambia Solange habari hii alikuwa Mama Gentille, jirani yake muuza makala, yaani makaa ya kupikia. Alikuja hadi penye ua, mikono myeusi kwa vumbi la makala, na hata salamu hakutoa.

"Mama Plame, mutoto yako analala vibaya."

Solange alikuwa anatwanga sombe, majani ya muhogo. Akaacha mchi ndani ya kinu. "Vibaya aje, Mama?"

"Kuja uone."

Wakazunguka nyumba. Nyuma kabisa ya kiwanja kulikuwa na mahali palipoinuka kidogo, pasipoota kitu, wala majani, wala hata mchicha wa kujiotea. Hapo ndipo Plamedie, mtoto wa miaka mitano, alikuwa amelala chali, miguu imeshikana, mikono imekunjwa juu ya kifua, kiganja juu ya kiganja. Macho yake yalikuwa wazi. Nzi alitembea juu ya jicho la kushoto, akatoka kona hii akafika kona ile, na kope haikutikisika.

Solange alimnyakua mtoto, akamtikisa. Plamedie akapiga chafya, akasema ana njaa.

"Anacheza tu," Solange alisema. Hakuwa mtu wa kubishana na wakubwa. Sauti yake ilikuwa ndogo tangu alipokuwa msichana, na ndoa haikuikuza.

"Hata mimi najua anacheza," Mama Gentille alisema. "Na ule mchezo naujua. Siye tuliuona mu televizio, wakati ya Zaire. Kulikuwa mwanamuke mumoja, Camille, mutu ya Aveba. Wenzake walikuwa wanacheza bwana, wanacheza mukwe, wanacheza mulevi. Yeye kazi yake ilikuwa kufa. Nzi ilikuwa inatembea mu jicho lake vile vile, na siye tunalia sawa amekufa kweli." Akapangusa mikono kwenye kitenge. "Muulize baba mukwe yako. Ile kundi ilikuwa yake."

Solange hakuuliza. Angeulizaje? Alikuwa ameolewa na Dany, dereva wa lori, na kwa kuwa Dany alikaa zaidi barabarani kuliko nyumbani, nyumba ile ilikuwa ya watu watatu: yeye, mtoto, na baba mkwe, Mwalimu Baudouin. Alipompa chakula alipiga magoti, akatazama chini. Na jina lake hakulitamka hata siku moja. Kwao Solange, mke mwenye malezi hataji jina la baba wa mume wake, awe mbele yake au nyuma yake, hata akiulizwa hospitali. Alimwita Papa, basi.

Mji wote ulijua kwamba zamani Mwalimu alikuwa mkubwa wa kundi la michezo ya kuigiza. Watu wa televizio walitoka Kisangani na vyombo vyao, wakapiga picha za michezo hapa Bunia, na baada ya miezi kaseti zilirudi kwa lori kupitia Nia-Nia, zikaonyeshwa katika ukumbi wa parokia, watu wamejaa mpaka madirishani. Kisha vita vilikuja, kaseti zikapotea, watu wakasahau. Camille hakuwa na jina nje ya mitaa hii, na hata humu ndani waliomkumbuka sasa walikuwa na mvi.

Lakini kaseti moja haikupotea. Mwalimu aliificha miaka yote chini ya mashati yake. Mwezi ule televizio moja ya mjini ilitaka kumpa heshima kama mzee wa michezo, sherehe ikapangwa Jumamosi, naye akaitoa. Vijana wakaihamisha kwenye simu, wakamletea na yeye nakala. Akaiweka katika simu ya Solange, kwa sababu yake ilikuwa ya vibonyezo tu.

Tangu hapo Plamedie alikuwa ameitazama mara moja, halafu mara kumi. Picha ilikuwa na mistari, sauti ilikwaruza. Ilionyesha kiwanja hikihiki, watu wa kilio wamekaa chini, kaburi limechimbwa nyuma ya nyumba, na mwanamke kijana ndani ya sanduku, amefungwa kitambaa cheupe kichwani. Mwalimu, enzi hizo mwenye nywele nyeusi, alicheza mume wake aliyefiwa. Alilia vizuri. Halafu akanyoosha kidole, akasema, "Fungeni." Wanaume wawili wakaweka kifuniko, wakapiga misumari. Picha ikakatika hapo.

"Mama," Plamedie aliuliza jioni ya Jumatatu ile, "juu ya nini hasimame?"

"Mchezo umekwisha, mama."

"Haikuisha. Hawajamuita."

Solange hakuelewa. Alichukua simu, akaizima.

Siku ya pili, Jumanne, saa kumi ya mchana, Plamedie alilala tena mahali palepale, na safari hii hakuamka kwa kutikiswa. Aliamka saa kumi na moja. Muuguzi wa kituo cha afya akampima, hakuona malaria, akatoa dawa ya minyoo. Jumatano mtoto alilala saa kumi mpaka jua likazama, mwili baridi kama mtungi, na Solange alipopiga magoti pembeni yake akiweka sikio juu ya kile kifua kidogo, alisikia moyo ukipiga mara moja, ukangoja, ukangoja mpaka yeye mwenyewe akakosa pumzi, ndipo ukapiga tena.

Na alisikia kingine. Kilitoka chini ya udongo. Kilikuwa kama mtu anayegonga mlango wa watu asiowazoea, kwa kifundo cha kidole, taratibu, kwa adabu. Mara tatu. Pakanuka mbao mbichi na mvua, wakati Bunia haikuwa imepata tone wiki mbili nzima.

Alimbeba mtoto akakimbilia kwa Mama Gentille. Huko, mlango ukiwa umefungwa, akauliza kwa sauti ya chini, "Mama, kuitwa ni nini? Mutoto anasema hawakumuita."

Mama Gentille aliangalia kwanza kama mlango umefungwa vizuri.

"Ilikuwa desturi yao," alisema. "Mutu akicheza maiti, hasimame mwenyewe. Anabakia vile vile mpaka ule aliyemuzika mu mchezo anakuja na mayi mu kikombe, anamwangia mu kipaji ya uso, anasema: 'Camille, kazi imekwisha. Simama.' Na yeye anajibu: 'Niko.' Halafu anakunywa mayi inayobakia. Kama hawamuite, hagusi chakula, hatikisi hata kidole. Kifo haijue mchezo, ndio walikuwa wanasema. Ikikukuta umelala na hakuna mutu anakuita, inakuchukua sawa mutu wake."

"Na ile siku?"

"Ile siku mimi nilikuwa mutoto ya miaka kumi, nilikuwa ku ua. Batu walitoka kwenda kula. Mwalimu akasema Camille amekwisha kuitwa, amekwenda na batu ya televizio mu motokari yao, atacheza Kisangani. Kweli walikuwa wanamutaka, kila mutu alijua. Na kila mutu alijua Mwalimu alikasirika, juu bila ule mwanamuke kundi yake haikuwa kitu." Akashusha sauti zaidi. "Usiku mvua ilinyesha sana. Asubuhi nilimuona Mwalimu anafukia kaburi ya mchezo, peke yake, matope mpaka magoti. Akasema ametia mugomba."

Solange aliitikia kwa kichwa. Hilo lilikuwa jambo la kawaida. Kaburi likichimbwa halafu likakosa maiti, haliachwi wazi, litaita mtu wa nyumba. Hukatwa mgomba, ukalazwa humo kama mtu, ukafukiwa, kaburi likashiba. Nani angemuuliza mwanaume anayefanya yaliyo sawa?

"Na mama yake Camille?"

"Alikuja mara mbili toka Aveba, kwa miguu, na kuku mukononi, anauliza habari ya mutoto. Mwalimu akamwambia: 'Amekuwa mutu mukubwa, amekusahau.' Mara ya tatu hakurudi. Alikufa."

Juu ya mkeka Plamedie alikuwa amefumba macho, na wote wawili walidhani amelala usingizi wa kweli. Akasema, bila kuyafumbua, kwa sauti nzito ya mwanamke aliyekauka koo:

"Mugomba haigongake mbao."

Alhamisi asubuhi Solange alimpigia mume wake. Dany alikuwa amekwama matopeni karibu na Nia-Nia, mtandao ukikatika kila neno la tatu. "Mupeleke ku maombi," alisema. "Na baba usimusumbue, iko na sherehe." Kisha simu ikafa.

Basi Mama Gentille akamleta Mama Joséphine wa maombi, mwanamke mnene, mcheshi, aliyewahi kutoa majini matatu kwa siku moja huko Iga Barrière na kula vizuri baadaye. Alifika mapema akiwa na chupa ya mafuta, akauliza kama sombe imeiva. Saa kumi ilipogonga na Plamedie akatoka ndani mwenyewe, akatembea moja kwa moja mpaka nyuma ya nyumba na kulala chali juu ya udongo ule, Mama Joséphine aliacha kucheka.

Alipaka mafuta, akaomba, akaamuru jini litoke. Midomo ya mtoto ikafunguka kidogo.

"Si weye ulinifunga."

Mama Joséphine akajaribu njia nyingine. Akanyunyiza maji, akasema, "Camille, kazi imekwisha, simama." Hakuna kitu. Akaweka mkono kwenye shingo ya mtoto, akaukaza, akautoa polepole.

"Hii si jini," alimnong'oneza Solange. "Jini unaifukuza. Ule anangoja kuitwa, na anangoja mutu wa nyumba yake, bwana yake wa mu mchezo. Fanya mbio, mama. Moyo iko inaenda mbali."

Mwalimu Baudouin alikuwa amekaa barazani, amevaa koti la sherehe kulijaribu, kioo kidogo mkononi. Solange alipiga magoti kama kawaida.

"Papa, kuja umuite."

"Nimuite nani?"

"Camille."

Kioo hakikutikisika. "Ule mwanamuke alienda Kisangani. Miaka arobaini. Mupe mutoto dawa ya kinini, muache kusikiliza bamama wa makala."

"Papa, anagonga. Nimesikia."

"Weye ulitoka kwenu kuja kunihukumu mu nyumba yangu?"

Basi Solange akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu aolewe. Alisimama. Alirudi nyuma ya nyumba, akambeba mtoto aliyekuwa mgumu kama ubao na mzito kuliko mtoto yeyote wa miaka mitano, akavuka naye kiwanja chote, na maji ya mvua ambayo haikunyesha yalikuwa yanachuruzika kwenye nywele za mtoto na kumlowesha yeye kifua na tumbo, na kucha za vile vidole vidogo, alizozikata mwenyewe Jumapili, zilikuwa sasa ndefu, zimevunjika, zimejaa vipande vya mbao na damu iliyokauka, akamlaza magotini mwa baba mkwe wake, juu ya lile koti jipya, akamtazama machoni.

"Moyo umepiga mara moja toka nimemubeba," alisema. "Moja tu, Papa."

Mzee aliangalia zile kucha. Aliziangalia muda mrefu. Alipozungumza, hakuzungumza na wao.

"Nilitaka motokari imuache," alisema. "Saa moja tu. Nilisema nitamufungulia motokari ikisha kwenda. Nikakunywa. Mvua ikanyesha, nikalala. Asubuhi nilifungua kifuniko." Akagusa ukucha mmoja wa mtoto. "Kwa ndani mbao zote zilikuwa zimekwaruzwa."

Mama Gentille, aliyekuwa amesimama kwenye kona ya nyumba, alikaa chini palepale.

Solange alileta maji katika kikombe cha bati. Mzee alikiinamisha vibaya, mengi yakamwagika kwenye koti, machache yakafika kwenye kipaji cha mtoto.

"Camille," alisema. "Kazi imekwisha. Simama."

Upepo ulikatika. Kuku waliokuwa wanaparua jikoni wakaacha kuparua. Plamedie aliinuka polepole kutoka magotini, mgongo umenyooka, kama mtu mzima anayeinuka kitandani baada ya ugonjwa mrefu, akasimama mbele ya Mwalimu, akamtazama kwa macho ya mtu anayemjua sana.

"Niko," alisema kwa sauti ile nzito.

Akachukua kikombe, akanywa maji yote mpaka mwisho. Akampa mzee kikombe kitupu.

"Mimi nimesimama, Mwalimu. Sasa weye lala. Nione nani atakuita."

Kisha akaanguka, na aliyefika mikononi mwa Solange alikuwa mtoto wake, mwepesi, mwenye joto, analia kwamba vidole vinamuuma.

Mama Joséphine alisema kazi haijaisha. Mwanamke yule achimbuliwe, arudishwe Aveba, alazwe karibu na mama yake. Vinginevyo atarudi, na mlango anaujua. Lakini Mwalimu alikuwa amekwisha kuvua koti, akalikung'uta, akaenda kusimama mlangoni, na sauti yake ilikuwa imerudi ile ya darasani.

"Nimemuita, ameitika. Imekwisha. Hakuna mutu atachimba kiwanja yangu. Kesho asubuhi bafundi watakuja kumwanga sementi pale nyuma, na Jumamosi tutakula sherehe." Akamgeukia Solange. "Na weye, neno moja likitoka mu kinywa yako, utarudi kwenu. Mutoto atabakia hapa. Ni wa nyumba hii."

Akaingia chumbani mwake, akafunga. Jioni ile hakudai chakula.

Solange hakulala. Alikaa na vidole vya mtoto katika maji ya chumvi, akitoa vipande vya mbao kimoja kimoja kwa sindano. Vilikuwa vibichi. Vilinuka mvua.

Asubuhi mafundi wawili walipiga hodi na mifuko ya sementi juu ya mkokoteni. Mwalimu hakutoka. Solange akagonga mlango wa chumba chake, akausukuma.

Baba mkwe alikuwa amelala chali, miguu imeshikana, mikono imekunjwa juu ya kifua, kiganja juu ya kiganja. Macho yake yalikuwa wazi. Nzi alitembea juu ya jicho la kushoto, kwa raha zake. Solange aliweka sikio juu ya kifua. Moyo ulipiga mara moja. Ukangoja.

Alimwita Mama Gentille, naye akamfuata mbio Mama Joséphine. Mama Joséphine alimwagia mzee maji kwenye kipaji, akamwita kwa jina lake mara tatu, kazi imekwisha, simama. Hakuna kope iliyotikisika.

"Anangoja mutu wa nyumba," alisema. "Dany iko wapi?"

"Nia-Nia," Solange alijibu. "Mu matope."

Wanawake wale wawili walimtazama. Mama Gentille alijaza kikombe cha bati tena, akakiweka mkononi mwake.

"Basi ni weye, Mama Plame. Muite. Taja jina lake, anaweza kusikia."

Solange alisogea mpaka kitandani. Aliona mboni za macho ya mzee zikimfuata, polepole sana, mpaka zikatua juu ya kikombe. Alikuwa anasikia kila kitu. Nje, fundi mmoja aliuliza kwa sauti waanzie wapi kumwaga sementi. Chumba cha pili, kwenye mkeka, Plamedie alikuwa amelala upande, vidole vimefungwa vitambaa, anakoroma.

"Kwetu," Solange alisema kwa ile sauti yake ndogo, "muke hataji jina la baba mukwe yake."

Akanywa yale maji. Akayanywa yote, akapindua kikombe, akakiweka kwenye meza ya kitandani. Mama Joséphine alijipiga ishara ya msalaba, akatangulia kutoka.

Solange alifunga mlango nyuma yake. Alipokuwa bado ameshika kitasa, alisikia kitu kikigonga ubao wa kitanda, kwa kifundo cha kidole, taratibu, kwa adabu. Mara tatu. Hakugeuka. Alipita jikoni, akachukua jembe lake na lile la Dany, akazunguka nyumba mpaka pale pasipoota kitu, akawapa mafundi.

"Sementi muiache," aliwaambia. "Chimbeni pole pole. Mule iko mutu."